Muulize Bi Mkubwa: Wajukuu na runinga

SWALI: Bi Mkubwa, shikamoo. Nikisema "Paukwa!" wajukuu hawaitiki "Pakawa!" Wamekodolea macho katuni ya ndovu na nyoka wa rangirangi. Si hadithi zetu hizo, wameziteka Wazungu? Nizime? — Bibi, Majengo

JIBU: Marahaba, mwanangu. Usizime. Hiyo ni Tinga Tinga Tales, na imechorwa papa hapa Kenya, Nairobi, ingawa Waingereza walikuwa na mkono wao na BBC ikaanza kuionyesha 2010. Vipindi ni 52, kila kimoja kama dakika 11. Chai haijachemka, kimekwisha. Zile rangi ni mtindo wa Edward Saidi Tingatinga, Mtanzania aliyechora kwa rangi ya baiskeli Dar es Salaam, akafariki 1972.

Ila runinga haingoji kuitikiwa, hapo ndipo pako. Kikiisha tu, watolee hadithi yako ya kiboko kukosa manyoya. Mimi nilijaribu juzi. Kijukuu changu cha miaka sita kikanikatiza: "Bibi, kiboko wako mwongo!" Tukabishana hadi mahamri yakaungua.