Siku tatu nyikani Mongolia: ushauri kwa anayekwenda mara ya kwanza

Kosa linaloharibu safari nyingi fupi za Mongolia hufanyika nyumbani, mbele ya ramani, kabla hata tiketi haijakatwa. Mtu ana siku tatu au nne. Anataka jangwa la Gobi, ziwa la Khövsgöl, farasi wa mwituni na usiku mmoja kwa wafugaji, kisha anampata wakala anayemkubalia yote. Nchi hiyo ina kilomita za mraba 1,564,000 hivi, yaani inazidi kidogo Tanzania na Kenya zikiunganishwa, na lami ikiisha mwendo wa kilomita 40 kwa saa ni mwendo mzuri. Msafiri huyo atakula vumbi kutwa nzima, atafika kila mahali mchana wakati wanyama wamelala, na kwa wafugaji atakaa nusu saa.

Kwa siku tatu chagua eneo moja. Tunapendekeza Hifadhi ya Taifa ya Hustai, kama kilomita 100 magharibi mwa mji mkuu, Ulaanbaatar. Lala usiku wa kwanza na wa pili hapohapo, na mchana wa siku ya pili nenda kwa familia ya wafugaji iliyo jirani. Ukipata siku ya nne ndipo uongeze Elsen Tasarkhai, ukanda wa mchanga ulio kama kilomita 280 kutoka mjini, ambako utawaona ngamia wa nundu mbili. Kharkhorin, penye makao makuu ya kale ya Wamongolia na nyumba ya watawa ya Erdene Zuu, iko mbele zaidi, kama kilomita 360. Kwenda na kurudi huko ndani ya siku tatu kunakubakizia saa chache tu za kutazama chochote.

Sababu ya kuchagua Hustai ni takhi, farasi wa mwituni ambaye Wazungu walimpa jina la mvumbuzi wa Kirusi, Przhevalsky. Mwishoni mwa miaka ya 1960 alikuwa ametoweka kabisa porini. Waliosalia walikuwa kwenye bustani za wanyama, wazao wa farasi wachache tu waliokamatwa zamani. Mwaka 1992 kundi la kwanza lilisafirishwa kutoka Uholanzi hadi Hustai, na leo mamia yao wanaishi huko bila kulishwa na mtu. Takhi ana kromosomu 66 na farasi wa kufugwa ana 64, lakini wakipandana huzaa, na mtoto wao naye huweza kuzaa. Kwa hiyo askari wa hifadhi huwa wakali farasi wa wafugaji wakiingia ndani, na usishangae mwongozaji wako akisimamisha gari kuwapigia simu juu ya farasi mmoja tu aliyepotea.

Wageni wengi hupiga picha mia za farasi wa kufugwa wakidhani wamempata takhi. Tazama shingo kwanza. Manyoya ya takhi husimama wima kama brashi na hayaangukii upande, tena hana kishungi kinacholala kwenye paji la uso. Mwili ni wa rangi ya mchanga, tumbo na pua vimefifia kuelekea weupe, miguu ni myeusi kwa chini, na mstari mweusi umefuata mgongo hadi mkiani. Ni mfupi na mnene, kichwa kikubwa. Ukiona kundi lenye rangi mchanganyiko, hao ni wa mtu.

Saa ndizo zinazoamua utaona nini. Wakati wa kiangazi takhi hupanda vilimani joto linapoanza kupanda, wakifuata upepo unaofukuza nzi, na jioni hushuka mabondeni kunywa maji na kula. Mwezi Juni jua huchomoza karibu saa 11 alfajiri na kuzama karibu saa 3 usiku. Basi toka kambini saa 10 na nusu alfajiri, rudi saa 3 asubuhi ule na kulala, kisha toka tena saa 11 jioni ukae bondeni mpaka giza. Katikati ya mchana usitoke kuwatafuta. Joto linalopanda kutoka ardhini hufanya hewa icheze, na hata lenzi ya bei kubwa itakupa picha ya ukungu. Mnapopanga saa na mwongozaji, andikeni kwa mtindo wa saa 24, kwa sababu saa 11 yenu na saa 11 yake si moja.

Kwa aliyezoea Serengeti, mambo ni kinyume kidogo. Gari halitoki njiani, ila mtu hushuka na kutembea. Shukeni mbali, fungeni milango taratibu, mpite upande wa chini wa upepo, na msiwaendee wanyama kwa mstari ulionyooka. Pandeni mteremko wa pembeni, mkae chini, msubiri. Kundi la familia lina dume mmoja, majike kadhaa na watoto. Madume wasio na majike hutembea kundi lao. Dume akiinua kichwa akakutazama, simama hapo. Akianza kuwakusanya majike na kuwasukuma mbele, umeshasogea kupita kiasi, rudi nyuma. Kundi lililokimbizwa asubuhi linaweza lisishuke kunywa jioni, na atakayekosa ni wewe na waliokuja baada yako.

Ukikaa kimya saa nzima utaona na wengine: kulungu wakubwa wanaoitwa maral, mamoti, wanyama wagugunaji wanene, wakisimama mbele ya mashimo yao, tai wa nyika, tumbusi weusi. Mbwa mwitu wa kijivu, ambaye si yule wa madoa wa kwetu, yupo ila huonekana kwa nadra. Mwongozaji anayekuahidi mbwa mwitu anakuuzia maneno. Swala wa Mongolia wanaohama kwa makundi makubwa mno wako nyika za mashariki, mbali sana na hapa. Mamoti usimguse, hai wala mzoga, na ukiletewa nyama yake usile. Viroboto wake hubeba tauni, na mwaka 2019 mume na mke walikufa kwa tauni magharibi mwa nchi baada ya kula mamoti mbichi.

Kabla ya kutuma malipo ya awali, pata majibu ya maandishi kwa maswali machache. Je, mwongozaji na dereva ni watu wawili au mmoja? Kwa safari ya hifadhi wawili ni bora, maana mmoja hutazama njia na mwingine hutazama mlima. Je, ada ya kuingia hifadhini, mafuta, na malazi ya dereva vimo kwenye bei? Tutalala kambi gani, kwa jina? Familia tutakayoitembelea inajua tunakuja, na inalipwa kiasi gani? Swali la mwisho huwachukiza baadhi ya mawakala, lakini liulize. Ipo familia inayopokea wageni kila wiki bila kupata zaidi ya mfuko wa peremende. Uliza pia kuhusu gari. Mongolia huendesha kulia, ila magari mengi yametoka Japani na usukani wake uko kulia, kwa hiyo dereva akitaka kulipita lori haoni mbele mpaka atokeze gari zima. Mwombe asikimbilie kupita. Foleni ya Ulaanbaatar nayo ni balaa. Ondokeni kabla ya saa 1 asubuhi.

Sasa kwa wafugaji. Hapa ndipo wageni wenye nia njema hukosea zaidi, na makosa yote yana dawa.

Ger, hema la duara la wafugaji, lina kuta za fito zilizosukwa, nguzo mbili katikati, duara la mbao juu linaloingiza mwanga na kutoa moshi, na blanketi nene za manyoya ya kondoo yaliyogandamizwa kwa nje. Mlango hutazama kusini. Usipige hodi. Ukiwa mbali kidogo, mwongozaji ataita "nokhoi khor", yaani shikeni mbwa, na mngoje mtu atoke. Mbwa hao hulinda mifugo dhidi ya mbwa mwitu, hawana mchezo, na kichaa cha mbwa kipo. Zungumza na daktari wako juu ya chanjo kabla ya safari.

Ingia kwa kuinama, uvuke kizingiti bila kukikanyaga, kisha uelekee kushoto, upande wa magharibi, ambao ni wa wageni. Mashariki ndiko kwenye vyombo na kazi za mama mwenye nyumba. Upande wa nyuma, unaotazamana na mlango, ni wa heshima. Usiende mpaka ukaribishwe. Usipite wala kupitisha kitu kati ya zile nguzo mbili, usiziegemee, na ukikaa usielekeze nyayo kwenye jiko. Moto unaheshimiwa: usitupe humo karatasi ya peremende wala maji ya mwisho ya kikombe. Ukimkanyaga mtu mguu kwa bahati mbaya, mpe mkono papo hapo, yamekwisha. Hayo yote aliyelelewa na bibi hapa kwetu hatayaona mageni sana; ni adabu ya nyumba ya mtu.

Kitu chochote kipokee kwa mkono wa kulia, wa kushoto ukiushika kiwiko cha kulia, au kwa mikono yote miwili. Shusha mikono ya shati iliyokunjwa. Mzee akikupa kichupa cha ugoro, kipokee hivyohivyo, nusa ugoro kidogo au kinuse tu kwenye mdomo wa kichupa, kisha kirudishe kwake, usikiweke mezani. Chai itakuwa ya maziwa na chumvi. Kunywa angalau funda moja ndipo uweke chini. Jibini kavu ni gumu, linyonye, usiling'ate kwa meno ya mbele.

Airag, maziwa ya farasi yaliyochachushwa, hupatikana sana kuanzia Julai hadi Septemba. Yana kilevi kidogo, karibu asilimia 2, na tumbo lisiloyazoea huharisha. Bakuli la kwanza lonja tu. Muislamu, au yeyote asiyegusa kilevi, amwambie mwongozaji tangu mjini ili familia ijue mapema. Likifika bakuli, lipokee kwa heshima kwa mikono miwili na ulirudishe kwa mwenyeji. Hakuna atakayekasirika.

Nyama ndiyo ngumu zaidi kwa Waislamu. Wamongolia wa kawaida huchinja kondoo kwa kupasua kidogo kifuani na kukata mshipa mkubwa kwa mkono, damu ibaki ndani. Hiyo si halali, hata kama nyama ni ya kondoo. Wakazaki wa mkoa wa Bayan-Ölgii ni Waislamu na huchinja kwa kisu shingoni, lakini wako zaidi ya kilomita 1,500 magharibi. Kwa Hustai, agiza mapema kambini chakula cha mboga, mayai na wali, na uliza kama wanakaanga kwa mafuta ya mnyama. Beba dengu, tende, karanga na samaki wa kopo kutoka dukani Ulaanbaatar. Wanaokula nyama hiyo watafurahia khuushuur, andazi la kukaanga lenye nyama ndani, na tsuivan, tambi za kukaanga na nyama.

Zawadi nzuri ni zinazotumika: unga, mchele, sukari, matunda, madaftari ya watoto. Mpe mama mwenye nyumba au mzee, si mtoto mlangoni. Mazungumzo yaanze na mifugo, ila usiulize idadi. Uliza kama wanyama wamenenepa mwaka huu na majira ya baridi yalipitaje. Jibu linaweza kuwa zito, kwani majira ya baridi ya 2023 kuingia 2024 yaliua mifugo zaidi ya milioni 7 nchini kote. Sikiliza usikimbilie picha. Na mkikuta wanakamua au wanarudisha kondoo, saidieni kazi mtakayoelekezwa. Saa mbili za kazi zina faida kuliko maswali ishirini ya kupitia mkalimani.

Kupanda farasi: wa Mongolia ni mdogo lakini hajazoea wageni. Panda kutoka kushoto, usipite nyuma yake, usivue koti ukiwa juu, na usivae koti la nailoni linalopiga kelele, maana sauti hiyo tu humtimua. Weka ncha ya kiatu tu kwenye kikuku cha tandiko, ili ukianguka mguu usinase. Saa moja inatosha siku ya kwanza, mwenyeji akishika kamba. Kofia ngumu uje nayo.

Majira tunayopenda ni mwisho wa Agosti hadi katikati ya Septemba: nzi wamepungua, madume ya maral huanza kunguruma, airag bado ipo. Julai ni kijani na kuzuri, ila mvua ni nyingi na sikukuu ya Naadam, inayoanza tarehe 11, hupandisha bei na kuwamaliza waongozaji wazuri. Hata Agosti usiku hushuka hadi nyuzi 5, kwa hiyo beba sweta nzito, kofia ya sufu, koti la mvua, tochi ya kichwani kwa ajili ya choo cha shimo, darubini ya 8x42, chaji ya akiba, na maji lita 3 kwa kila mtu kwa siku. Fedha taslimu za tugrik zitoe mjini.

Siku ya mwisho usipange ndege ya jioni ileile. Uwanja wa Chinggis Khaan uko kama kilomita 50 kusini mwa mji, na mkirudi kutoka Hustai mnaweza kukwama kwenye foleni kabla hata hamjaugeukia. Lala usiku mmoja Ulaanbaatar, uchapishe picha za familia uliyoitembelea, na umkabidhi mwongozaji azipeleke safari yake inayofuata.