Maswali na majibu: Taa ya Eddystone na waliokesha nayo

Wiki hii karibu barua zote zimeuliza kuhusu mnara mmoja wa taa: Eddystone, uliosimama baharini kusini mwa Plymouth, Uingereza. Nimechagua hizi.

Mhariri, ni kweli mjenzi wa kwanza alifia mnarani mwake? (Msomaji, Tanga)

Kweli kabisa. Henry Winstanley aliwasha taa yake Novemba 1698. Alijisifu kuwa angependa awemo mnarani siku ikivuma dhoruba kubwa kuliko zote. Usiku wa kuamkia 27 Novemba 1703 ilivuma, naye alikuwamo, kaenda kufanya ukarabati. Kulipopambazuka hakukuonekana mnara wala mtu.

Kituko kingine: mwaka 1697, ujenzi ukiendelea, Wafaransa walimteka na kumpeleka kwao, maana nchi hizo mbili zilikuwa vitani. Mfalme Louis XIV akaamuru arudishwe akamalize kazi. Taa haichagui meli ya kumulikia.

Huyo mzee aliyemeza risasi iliyoyeyuka, si porojo za mabaharia? (Msomaji, Mombasa)

Hata daktari wake alidhani ni porojo. Desemba 1755 mnara wa pili, uliojengwa zaidi kwa mbao, ulishika moto kuanzia juu. Mtunza taa Henry Hall, ambaye inasemekana alikuwa na miaka 94, alikuwa akirusha maji ya ndoo kuelekea juu, uso kauinua, mdomo wazi kwa kuhema. Risasi ya paa (metali yenyewe, si ya bunduki) ikamchuruzikia kooni. Aliokolewa, akawa anawaambia watu ana risasi tumboni, nao wanamwona mzee aliyechanganyikiwa. Akafariki siku ya 12. Daktari Spry alipompasua alikuta donge la gramu 200 hivi. Wataalamu wa London nao wakambishia Spry! Donge lenyewe limehifadhiwa katika makumbusho ya taifa ya Scotland, mjini Edinburgh.

Mimi humkumbuka Hall kuliko wajenzi wote wanne. Umri ule, na ndoo bado mkononi.

Mnara wa tatu, wa Smeaton, ulikuwa imara. Kwa nini ukabomolewa? (Msomaji, Dodoma)

Mnara haukuwa na tatizo. John Smeaton aliumaliza 1759 kwa mawe yaliyochongwa yakaumana kama meno ya fisi, na kwa chokaa inayoganda hata majini. Taa yake ilikuwa mishumaa 24 tu. Kilicholiwa na mawimbi ni mwamba chini yake, hadi mnara ukawa unatikisika. Mwingine ukajengwa pembeni, ukawashwa 1882. Sehemu ya juu ya ule wa zamani ikahamishiwa nchi kavu Plymouth; msingi ulikataa kung'oka, na kisiki chake kingali pale baharini.

Kwa nini watunza taa waliwekwa watatu watatu? (Msomaji, Bukoba)

Sababu ni mkasa wa mnara mwingine, Smalls, pwani ya Wales, mnamo 1801. Walikuwamo wawili, Howell na Griffith, watu waliojulikana kwa kugombana. Griffith akafa kwa ajali. Howell akahofu kwamba akimtosa baharini ataambiwa kamuua, basi akaunda jeneza na kulifunga nje ya mnara. Hali ya hewa ikachafuka, chombo hakikuweza kutia nanga kwa wiki kadhaa, upepo ukalivunja jeneza. Taa haikuzimika hata usiku mmoja, lakini Howell alitoka pale si yule tena. Tangu hapo ikawa watatu.

Leo nani anaishi Eddystone? Na kwetu je? (Msomaji, Unguja)

Hakuna. Tangu 1982 taa inajiendesha yenyewe, mafundi huenda kwa helikopta.

Kwenu Unguja, nenda kisiwa cha Chumbe. Mnara wake ulijengwa 1904. Nyumba ya mtunza taa imegeuzwa kituo cha wageni wa hifadhi, na msikiti mdogo uliojengwa kwa ajili ya watunza taa bado upo.