Anza na ngoma, chakula hakikimbii

Msomaji mmoja wa Morogoro kaniandikia: "Dada, nakuja Unguja na shoga yangu, tunafika Ijumaa, Jumapili tunaondoka. Tunataka kula vizuri, kuona sanaa na ngoma za asili. Tupangie." Kaniuliza mwenyewe! Wageni wangu wote hurudi bara wakinisifu, isipokuwa mmoja aliyeikataa ratiba yangu. Akafikia hoteli ya ufukweni, akachezewa ngoma kidogo pembeni ya bwawa huku watu wanakula, kisha akaenda kutangaza kwamba Zanzibar hakuna ngoma, kuna watalii tu. Neno lile halijanitoka mpaka leo.

Watu hupanga chakula kwanza, ngoma wakaiweka mwisho "tukipata nafasi". Urojo upo kila siku na milango ya Mji Mkongwe haihami. Ngoma ina siku yake. Kwa hiyo, kabla hujakata tiketi ya boti, tazama mwezi. Ramadhani ngoma hulala na mchana migahawa mingi hufungwa. Ukija Mfunguo Mosi, mwezi unaofuata Ramadhani, harusi zimesharudi. Julai kuna Mwaka Kogwa, sherehe ya mwaka mpya wa jadi, kule Makunduchi, wanaume wanapigana kwa migomba na wanawake wanaimba. Februari kuna Sauti za Busara, tamasha lililoanza mwaka 2004, ila huko utasikia muziki wa Afrika nzima, si ngoma zetu peke yake.

Nje ya misimu hiyo, uliza. Vikundi vya taarab hufanya mazoezi jioni. Nadi Ikhwan Safaa ipo tangu mwaka 1905. Wanafunzi wa Chuo cha Muziki wa Nchi za Jahazi nao hupiga mbele ya watu. Muulize mwenye nyumba uliyofikia, usimuulize kijana anayekufuata njiani.

Kubwa kuliko yote ni harusi. Juzi juzi nilimchukua rafiki yangu wa Mwanza kwenye kidumbaki, ngoma ya harusini, huko Ng'ambo, mitaa ya nje ya Mji Mkongwe. Nilimwombea ruhusa kwanza kwa mama wa bibi harusi, maana hapaingiwi tu. Fidla inalia, sanduku la kamba linajibu kwa sauti nene, vidumbaki viwili, ngoma ndogo ndogo, vinakwenda mbio, manyanga ya cherewa na vijiti vya mkwasa juu yake. Wanawake wamejifunga kanga viunoni. Rafiki yangu kajibanza ukutani, kasema yeye ni mtazamaji tu. Hata nyimbo haijafika kati, kanga ya mtu iko kiunoni mwake na kina mama wanampigia vigelegele! Aliyeniambia hakuna ngoma angekuwepo, angemeza maneno yake.

Sasa nisikilizeni. Chukua noti ndogo ndogo za kumtunza mwimbaji. Kukaa mikono mitupu ni aibu. Simu iache mkobani. Wale wamevua mabuibui kwa sababu wako wenyewe kwa wenyewe, na wewe kuingizwa mle ni heshima umepewa. Wapo wageni wanaorekodi kila kitu, halafu wanashangaa hawaalikwi tena.

Chakula sina la kukuchosha. Jioni kunywa urojo wenye bhajia, kachori na mishikaki, mchuzi uwe wa embe mbichi. Bustani ya Forodhani, penye vyakula vya jioni, nenda baada ya Magharibi, na uliza bei ya pweza kabla hajatiwa motoni. Asubuhi pita soko la Darajani.

Sanaa, hapo nina kinyongo kidogo. Picha za Tingatinga zimejaa madukani, nzuri, lakini mtindo ule ulianzishwa Dar es Salaam na Edward Saidi Tingatinga miaka ya 1960. Mtu anafunga safari ya bahari kuja kununua kitu cha Dar! Beit al-Ajaib, lile jumba la kale la Mji Mkongwe, usiiweke kwenye ratiba. Sehemu yake iliporomoka Disemba 2020. Tembea vichochoroni utazame milango bila kulipa kitu: wenye kizingiti cha juu kilichonyooka ni wa mtindo wa Kiarabu, ule wenye upinde juu una asili ya Kihindi. Halafu tia hina au piko, ile rangi nyeusi, mikononi.

Ukitaka cha kubeba, tafuta kofia ya viua iliyoshonwa kwa mkono. Kitundu kimoja kimoja huzungushiwa uzi, kazi ya wiki nyingi, basi usimwombe mama wa watu akupunguzie nusu ya bei.