Mnyama wa kilindini anajiwashia nini mbele ya adui?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Ninavua dagaa hapa Pangani. Usiku usio na mwezi, ukipiga kasia maji yanawaka buluu. Binti yangu anasema huko kilindini wanyama wengi wana nuru yao wenyewe. Sisi tunawasha karabai dagaa na ngisi waje. Sasa mnyama dhaifu anajiwashia nini, si anamwita adui?
Mvuvi, Pangani

JIBU: Marahaba. Kwenye kasia lako ni vijidudu vya seli moja. Wakitikiswa, kemikali iitwayo lusiferini huungana na oksijeni, na nuru hutoka bila joto. Huwa buluu kwa sababu rangi hiyo ndiyo inayofika mbali zaidi majini.

Kuhusu adui umelenga penyewe: anamwita kweli. Ila ni adui wa nani?

Kilindini yuko yavuyavu mwekundu aitwaye Atolla. Akishikwa, nuru ya buluu huanza kumzunguka mwilini, duara baada ya duara. Ni kama mtu aliyevamiwa usiku akapiga yowe la mwizi: anataka atokee mkubwa zaidi, amkamate anayemla. Hivyo ndivyo alivyofikiri Edith Widder, mtafiti wa Marekani ambaye mwaka 1984 alishuka baharini California ndani ya vazi la chuma, kama mita 270, akazima taa na kujikuta amezungukwa na nuru za wanyama.

Nampenda mama huyu kwa sababu hakuishia kufikiri. Aliona kwamba taa zetu kali zinawafukuza wanyama, akatengeneza kamera yenye taa nyekundu ambayo wengi wao hawaioni, na pembeni yake akaweka Atolla wa bandia, duara la vitaa vya buluu. Mwaka 2004, Ghuba ya Meksiko, sekunde 86 tu baada ya kuviwasha kwa mara ya kwanza, alitokea ngisi wa zaidi ya futi 6 ambaye sayansi haikuwa ikimjua.

Mwaka 2012, karibu na visiwa vya Ogasawara, Japani, akaja ngisi mkubwa kabisa, yule ambaye hadi siku hiyo hakuna aliyekuwa amempiga video akiwa kwenye kilindi chake. Na jibu lako liko hapa: hakukishambulia kile kilichokuwa kinawaka. Alikirukia chombo cha kamera kilichokuwa jirani yake, kana kwamba ndicho kilichokuwa kinamla yavuyavu.