9 Desemba au Desemba 9? Jina la ukurasa na njia za kuufikia

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni kijana wa Dodoma. Mimi na wenzangu tunaandika kamusi elezo ya mtandaoni ya Kiswahili, tukitumia programu ya MediaWiki, ile ile inayoendesha Wikipedia. Kila siku ya mwaka ina ukurasa wake, kwa mfano "9 Desemba". Mwenzetu wa Mombasa yeye huandika "Desemba 12" kila anapotaja sikukuu ya Jamhuri, na kiungo chake hutoka chekundu, yaani cha ukurasa usiokuwepo, kwa kuwa ukurasa wetu unaitwa "12 Desemba". Anataka tubadilishe majina ya kurasa zote kwa sababu, anasema, ndivyo watu wanavyoandika. Mimi naona tutengeneze kurasa za kuelekeza tu, zile zisizo na makala bali humvusha msomaji hadi kwenye ukurasa wenye makala. Nani ana haki? Na je, "Disemba", "tarehe mosi" na "Saba Saba" nazo tuzielekeze?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Kwenye jina la ukurasa nakuunga mkono wewe. Lakini usimkatalie mwenzako anaposema watu wanaandika hivyo, maana ni kweli, na ukurasa wa kuelekeza upo kwa ajili ya watu kama yeye.

Tunaposema "tarehe tisa Desemba", neno kuu ni tarehe. Tisa inatuambia ni tarehe ipi, Desemba inafuata nyuma kutuambia ni ya mwezi gani. Tukiandika kwa ufupi tunaliacha neno tarehe, ila mpangilio wake unabaki pale pale: 9 Desemba. Rudisha neno lililoachwa na sentensi inakaa sawa bila kugusa kitu kingine: "Tanganyika ilipata uhuru tarehe 9 Desemba 1961." Sasa jaribu kulirudisha kwenye "Desemba 9". Utapata "tarehe Desemba 9", na sikio linakataa. Soma tena "Desemba tisa" kwa sauti, peke yake: mtu anaweza kudhani unahesabu miezi ya Desemba iliyopita, kama vile "Ramadhani tatu sijafunga nyumbani".

Magazeti yetu, ya Dar es Salaam na ya Nairobi, yameizoea "Desemba 9, 1961", na koma yake katikati. Huo ni mpangilio wa Wamarekani. Siuiti kosa la aibu. Lakini kamusi elezo inahitaji jina moja kwa kila ukurasa, na mimi nachagua lile linalokubali kusomwa na neno tarehe mbele yake.

Mwenzako akikujibu kwamba tunasema "Mei Mosi" na wala hatusemi "Mosi Mei", mpe haki yake, ameona jambo zuri. Mei Mosi ni jina la sikukuu, ndiyo maana tunaliandika kwa herufi kubwa zote mbili. Linataja shamrashamra za wafanyakazi, mabango na maandamano. Siku yenyewe katika kalenda ni tarehe mosi Mei. Tofauti hii ya jina la sikukuu na jina la siku ndiyo itakayokusumbua kuliko hayo mengine yote, nitairudia.

Kwanza mosi. Tarehe za mwanzo wa mwezi kwa Kiswahili fasaha ni mosi, pili, tatu, nne, tano. Leo utasikia "tarehe moja" na "tarehe mbili" mpaka redioni, na vijana wengi hawajui kama kuna namna nyingine. Ushahidi wa zamani tunao kwenye siku za juma: Jumamosi, Jumapili, Jumatatu, Jumanne, Jumatano. Ni hesabu ile ile, neno kwa neno. Ipo pia kwenye miezi ya Waswahili wa pwani: Mfunguo Mosi, Mfunguo Pili, Mfunguo Tatu, hadi Mfunguo Tisa. Hakuna anayesema Jumamoja wala Jumambili, kwa hiyo ndani ya makala andikeni tarehe mosi na tarehe pili. Jina la ukurasa libaki kwa tarakimu, "1 Januari", na msomaji atalitamka mwenyewe. "Tarehe mosi Januari" uifanye ukurasa wa kuelekeza. Hata "tarehe moja Januari" iwekee njia, kwa sababu anayetafuta habari si mtahiniwa, na kumwelekeza mahali sahihi si kumsifia tamko lake.

Disemba nayo ni hivyo hivyo. Mimi huandika Desemba, wengine huandika Disemba, na wote wanaelewana. Chagueni moja kwa kurasa zote 31 za mwezi huo, ile nyingine ielekezwe. Na wale wanaotaja miezi kwa namba, ambao ndio wengi mitaani, wawekeeni "mwezi wa kumi na mbili" ielekeze kwenye ukurasa wa Desemba. Huko Kongo mtu wa Lubumbashi atakwambia uhuru wao ulikuja tarehe makumi tatu, mwezi wa sita, mwaka 1960. Makumi tatu ni thelathini kwake, na ni Kiswahili alichonyonya kwa mama yake. Ukurasa wenu "30 Juni" hautapungukiwa kitu mkimfungulia mlango.

Hapo kuna jambo dogo la kiufundi ambalo nimeliona likiwapoteza watu. MediaWiki, kama ilivyo kawaida yake, huikuza herufi ya kwanza tu ya jina la ukurasa. Mwandishi akiweka kiungo cha "desemba 9", programu inakisoma "Desemba 9". Akiweka "9 desemba", alama ya kwanza ni tarakimu, haina herufi kubwa, kwa hiyo hakuna kinachorekebishwa: "9 desemba" na "9 Desemba" zinahesabiwa kurasa mbili tofauti, na kiungo kinakuwa chekundu. Mpangilio wa Kiswahili, unaotanguliza namba, ndio unaoumizwa na kanuni hiyo. Ama muwafundishe waandishi kuandika miezi kwa herufi kubwa, kama inavyotakiwa, ama mtengeneze kurasa za kuelekeza za herufi ndogo pia. Mimi ningefanya yote mawili.

Jingine, msielekeze ukurasa kwenye ukurasa mwingine wa kuelekeza. "Disemba 9" ikielekeza kwenye "Desemba 9", nayo ikaelekeza kwenye "9 Desemba", programu itamvusha msomaji hatua moja kisha itamwacha katikati ya njia, akitazama ukurasa usio na habari. Kila njia iende moja kwa moja hadi kwenye makala.

Tarakimu za mkwaju msiziguse. "9/12" kwetu ni 9 Desemba, kwa Mmarekani ni 12 Septemba, nanyi mna wasomaji Minneapolis na Houston kama mlivyo nao Moshi.

Sasa Saba Saba. Wewe wa Dodoma ukilisikia jina hilo unaona viwanja vya maonyesho ya biashara barabara ya Kilwa, Dar es Salaam, na wazee wako wanakumbuka kuzaliwa kwa chama cha TANU tarehe 7 Julai 1954. Mwenzako wa Mombasa akilisikia anaona Kamukunji, Nairobi, tarehe 7 Julai 1990, watu waliotoka kudai vyama vingi wakapambana na polisi. Siku ni moja katika kalenda, majina yanafanana, mambo ni mawili. Ukiielekeza "Saba Saba" kwenye "7 Julai", wote wawili watakuta orodha ndefu ya waliozaliwa na waliokufa siku hiyo miaka yote, na hakuna atakayepata alichokifuata. Hapa panatakiwa ukurasa wa kutofautisha maana, wenye viungo vya makala zote mbili, na cha tatu kwenda "7 Julai". Nane Nane ni rahisi zaidi, ni sikukuu ya wakulima Tanzania, basi iwe na makala yake. Ndani ya "8 Agosti" itajwe kwa mstari mmoja. Hali kadhalika Mei Mosi, Madaraka, Mapinduzi na Muungano: yakiwa majina ya sikukuu yana haki ya makala.

Msielekeze kabisa tarehe za mwezi mwandamo kwenye kurasa hizi. Maulidi ni tarehe 12 Mfunguo Sita, na mwaka wa mwezi mwandamo ni mfupi kuliko huu wa Januari kwa siku kama 11. Mwaka huu itaangukia siku fulani, mwakani itakuwa imeshasogea. "Mfunguo Sita" ielekezwe kwenye makala ya mwezi wa Rabiul-Awwal, hapo ndipo kwao.

Mwisho, hukuuliza lakini nitakwambia kuhusu yale maneno madogo yanayotokea juu ya ukurasa msomaji akishavushwa. Wengine huandika "Elekezwa kutoka Desemba 9". Kitenzi hicho hakina kiambishi cha mtenda wala cha wakati, kinasikika kama amri kwa msomaji. Wengine huandika "Imeelekezwa", wakifikiria makala. Andikeni "Umeelekezwa kutoka Desemba 9". Kiambishi u- kinamfaa msomaji, wewe uliyeelekezwa, na kinaufaa ukurasa, nao umeelekezwa, na hakuna atakayeuliza ni yupi kati yao aliyekusudiwa, kwa sababu wote wawili wamefika. Na kinachofuata elekeza kiwe "kwenye", si "kwa": ukurasa unaelekeza kwenye 9 Desemba. "Kwa" tumwachie mtu: nielekeze kwa fundi, nielekeze kwa shangazi.