Mtayarishaji wa Filamu Hufanya Nini Hasa?

SWALI: Ndugu Mhariri, nikizitazama sinema za zamani za Marekani pamoja na wanangu, naona jina la mtayarishaji limeandikwa kwa herufi kubwa, ilhali yeye mwenyewe haonekani popote. Je, kazi yake ni kutoa fedha tu? – Msomaji, Tanga

JIBU: Ndugu msomaji, fedha ni sehemu moja tu ya kazi hiyo, na mara nyingi hazitoki mfukoni mwake. Mtazame Hal B. Wallis, mzaliwa wa Chicago, aliyeingia studio ya sinema ya Warner Bros. mwaka 1923 katika idara ya matangazo, na ambaye filamu yake ya mwisho ilitoka mwaka 1975. Yeye ndiye aliyekuwa akichagua hadithi, akisimamia uandishi wake, akiteua mwongozaji na waigizaji, kisha akifuatilia uhariri mpaka filamu ikamilike.

Filamu yake ya Casablanca ilitokana na mchezo wa kuigiza ambao ulikuwa bado haujapandishwa jukwaani, na aliyeipa filamu jina hilo ni Wallis. Upigaji picha ulipokwisha mwaka 1942, alitunga mwenyewe sentensi ya kufungia, ile ya mwanzo wa urafiki mzuri, na mwigizaji mkuu, Humphrey Bogart, akaitwa tena studio kuitamka. Hilo liliwezekana kwa sababu mwishoni mwa filamu Bogart na mwenzake wanatokomea katika ukungu wakiwa wameipa kamera mgongo, midomo yao haionekani, hivyo sauti mpya ikapachikwa bila mtazamaji kuhisi lolote. Hadi leo watu wanaikariri sentensi hiyo, nami huumia kwamba aliyeitunga hatajwi.

Uchungu kama huo aliuonja mwenyewe Machi 1944, filamu hiyo ilipotangazwa mshindi wa Oscar. Wallis aliinuka kwenda kuipokea tuzo, lakini mkuu wa studio, Jack Warner, alikwisha kumtangulia jukwaani. Mwaka huohuo Wallis akaondoka, akaanza kujitegemea; akatengeneza filamu tisa na Elvis Presley, na mwaka 1969 akatoa True Grit, iliyompatia John Wayne Oscar yake pekee ya uigizaji.

Kilichomdumisha, kwa maoni yangu, ni jicho la kutambua vipaji mapema. Mwaka 1954, katika ukumbi mmoja wa maonyesho wa New York, alimwona binti asiyejulikana akishika nafasi ya mwigizaji aliyeumia mguu, akampa mkataba. Binti huyo alikuwa Shirley MacLaine, aliyekuja kuwa nyota wa sinema.