Ocarina ya Link haisimamishi muda
Kuna wanaodhani kwamba ocarina (filimbi ndogo) ya Link, shujaa wa gemu ya Zelda iitwayo Majora's Mask, inasimamisha muda. Hapana, muda hausimami, unapunguzwa mwendo tu. Unapuliza Wimbo wa Wakati kinyumenyume kwa vitufe hivi: C ya chini, A, C ya kulia, halafu hizo hizo tatu tena. Gemu inakuuliza kama kweli unataka, ukikubali saa iliyo chini ya skrini inaanza kujikokota kwa theluthi moja ya mwendo wake. Zile siku tatu za kwenye gemu kabla mwezi haujaanguka, ambazo kwa kawaida ni kama dakika 54 za huku kwetu, zinavutika hadi karibu saa 2 na dakika 40.

Ukiupuliza wimbo wenyewe ulivyo (kulia, A, chini, mara mbili) unarudi asubuhi ya siku ya kwanza, na rupia (pesa za gemu) ambazo hukuweka benki ndiyo kwaheri. Hapo pia mwendo wa saa unarudi kuwa wa kawaida, kwa hiyo lazima upulize ule wa kinyume upya. Wengi husahau hili kisha wanasema eti haufanyi kazi.

Nimeicheza kwenye N64, mashine ya zamani ya Nintendo, na hekalu la Great Bay lilinishinda mara mbili kabla sijaujua huo ujanja. Ila kama unayo ile ya 3DS (mashine ya mkononi ya Nintendo) ya mwaka 2015, hesabu zangu zisikuponze: huko mwendo wa muda unapungua kwa nusu, si kwa theluthi mbili, na vitufe vya kupulizia ni vingine.